Cherehani Juu ya Kitanda cha Bwana Kimya

Ngazi za jengo letu sizipendi na sitazipenda hadi siku nitakayohama. Lakini ukweli lazima usemwe: tangu Fundi aanze kushonea nyumbani kwake, ghorofa ya nne, mlango unaotazamana na wangu, sijasikia mtu akilalamika kwamba amezipanda ngazi zile bure. Watu walipanda na kitambaa mkononi wakashuka wanatabasamu. Walioshuka wamenuna ni wale wanaotaka gauni la harusi kesho asubuhi, kwa kitambaa kisichotosha hata foronya.

Jina analo, ila halina kazi. Kuanzia mlinzi wa getini hadi watoto wanaocheza chini, wote wanamwita Fundi. Ni mwanamke mrefu, mwembamba, na pini hazimtoki mdomoni, kwa hiyo ukimuuliza jambo anakujibu kwa nyusi. Tepu ya kupimia iko shingoni hata akienda kutupa taka. Ana tabia moja inayonikera: hawezi kuongea na mtu bila kumpima kwa macho. Nitamweleza habari nzito ya kuumiza roho, yeye ataitikia pole jirani, pole sana, halafu kabla sijafika mlangoni ananiambia nimeongezeka mabegani.

Zamani alikuwa na kibanda sokoni. Siku mama yake alipopooza upande mmoja, kibanda akakifunga. Bibi yule hawezi kukaa peke yake. Lazima ageuzwe, alishwe, abebwe kwenda chooni. Wasichana wa kazi waliletwa, na kila mmoja aliondoka analia, kwa sababu mwili wa Bibi ulipooza lakini ulimi haukuguswa. Basi Fundi akaipandisha cherehani juu, akaamua mama na kazi vitakaa chini ya paa moja.

Nyumba zetu zote zimejengwa kwa ramani moja: sebule mbele, chumba kidogo ubavuni karibu na ngazi, na chumba kikubwa kule nyuma. Kile kikubwa akampa mama yake, akatundika pazia zito na kufunga mlango, maana daktari alisema mgonjwa apate utulivu. Kile kidogo ndicho kikawa cha kazi. Cherehani yenyewe ni ya kizamani, ya miguu ya chuma, ya kukanyaga. Ikianza kwenda, sakafu nayo inakwenda. Mimi niliizoea hata nikawa siisikii, kama mtu asivyosikia anavyokoroma.

Mambo yaliharibika alipohamia Bwana Kimya, ghorofa ya tatu, chini ya Fundi kabisa. Mke wake alikuwa mtu wa salamu na vicheko, na mabinti zake wawili walikuwa na adabu zao. Yeye mwenyewe, hata! Unamkuta kwenye ngazi asubuhi, unamwambia habari za asubuhi, anakupita macho mekundu kama umeongea na ukuta. Mimi mtu akininyima salamu namchukia hapo hapo, sihitaji sababu ya pili. Jina la Bwana Kimya nilimpa mimi, na jengo zima likalipokea.

Halafu akaanza kugonga. Fundi akikanyaga tu mashine, kutoka chini unasikika mpini wa ufagio kwenye dari: ko, ko, ko. Fundi anasimama. Anasubiri. Anaanza tena, taratibu, kama mtu anayenyata. Ko, ko. Alitandika zulia chini ya cherehani, akakunja na blanketi juu ya zulia. Haikusaidia kitu. Mwisho wake ukaja wito wa baraza la nyumba, ukiwa na muhuri: mpangaji wa ghorofa ya nne anaendesha biashara ndani ya jengo la makazi, kinyume cha mkataba; aiondoe biashara hiyo, la sivyo aondolewe yeye.

Alikuja kwangu akakaa kwenye kiti bila kunipima. Hapo nikajua mambo ni mazito. Mdomoni hakuwa na pini hata moja, na uso ulikuwa umemshuka.

"Nikirudi sokoni," akaniambia, "nani atakaa na mama?"

Hasira ikanipanda, na hasira yangu ina miguu, ikanipeleka moja kwa moja kwa Kamanda.

Kamanda ni mwenyekiti wa wakazi wa jengo letu, askari magereza mstaafu. Kustaafu kwenyewe ni kwenye karatasi tu, maana hata mikutano ya kujadili ndoo za taka anaiendesha kwa amri. Akatuita wote uani jioni ile. Akasema mtu wetu ameguswa, na akiguswa mmoja tumeguswa wote. Tutakwenda barazani kutoa ushahidi kwamba hakuna biashara yoyote pale. Fundi anashona nguo zake na za ndugu zake, basi. Na kwa kuwa wakazi wote tunaishi kama ndugu, akasema, hata huo si uongo sana.

Tukapiga makofi. Kisha Kamanda akatoa wazo lake la pili, na hilo ndilo alilolipenda zaidi. Baraza likiona umati wa watu wamevaa hovyo hovyo, kila mtu na lake, litatudharau. Twende tumependeza, tumefanana, mtu akitutazama aone mshikamano. Twende na sare.

Wazo likapita bila kupingwa. Kilichobishaniwa ni rangi. Mimi nilitaka kijani, nikashindwa, kikanunuliwa kitambaa cha bluu chenye vidoti vyeupe. Wanaume mashati, wanawake magauni, mwenye kutaka mikono mirefu aseme mapema. Nani wa kushona? Swali hilo halikuulizwa hata na mtu mmoja. Nani mwingine tungempa?

Fundi hakuweza kukataa. Watu wanakwenda kumtetea, atawaambia nini? Tulipanga foleni kwenye ngazi kupimwa, kuanzia mlango wake hadi ghorofa ya pili, tukipiga soga na kucheka, tukipita mlangoni kwa Bwana Kimya kwenda na kurudi. Wiki ile cherehani haikupoa. Mchana kutwa ilikuwa inakwenda, na kutoka chini mpini wa ufagio unajibu, hadi mtu ungedhani wamekubaliana kupiga ngoma pamoja. Kamanda alipita kukagua, akasema huyo mtu wa chini anavyogonga anaonyesha wazi kwamba hana ustaarabu.

Siku ya baraza ikafika. Chumba kilikuwa na mabenchi ya mbao, feni moja iliyokuwa inazunguka kwa kujilazimisha, na karani nyuma ya meza aliyekuwa anachonga penseli. Tuliingia kwa mstari. Lazima niseme tulitia fora. Bluu tupu, vidoti tupu, kola zimesimama, mishono imenyooka. Fundi alikaa mbele peke yake na gauni lake la siku zote, maana hakubakiwa na muda wala kitambaa cha kujishonea. Upande wa pili alikaa Bwana Kimya, amekonda, macho yamemuiva zaidi ya nilivyowahi kuyaona.

Mwenyekiti wa baraza alikuwa mama mfupi mwenye miwani iliyofungwa kamba, mpole wa sauti. Alitutazama kwa muda, benchi kwa benchi, kisha akamwita shahidi wa kwanza. Kamanda akasimama, akapiga mguu chini kwa mazoea, akaapa.

Mama yule akamuuliza kama kwenye jengo letu kuna mtu anayefanya biashara ya ushonaji.

"Hakuna, mheshimiwa."

"Una hakika?"

"Hakika kabisa, mheshimiwa."

Mwenyekiti akainamia karatasi zake, akaandika kidogo, kisha akauliza kama mtu anayepitisha muda. "Shati lako zuri. Limeshonwa wapi?"

Kamanda ana kasoro zake nyingi, na mimi ninazijua zote. Lakini ni mtu wa utumishi; mkubwa akimuuliza swali la moja kwa moja, jibu linatoka lenyewe kabla hajalishika.

"Ghorofa ya nne, mheshimiwa."

Kamanda alibaki amesimama, mdomo wazi, kama anautafuta mkia wa maneno yake auvute ndani. Mwenyekiti akavua miwani, akatutazama tena benchi kwa benchi, na safari hii kila mmoja wetu akaanza kulitazama vazi lake. Yule wa ghorofa ya kwanza aliyeomba mikono mirefu alijaribu kuificha chini ya mkoba. Karani ndiye aliyeanza kucheka. Alijikaza, akashindwa, akaweka kichwa mezani, na sisi tukamfuata. Hata mwenyekiti alilazimika kuifuta miwani yake ambayo haikuwa na vumbi.

Aliposema sasa inatosha, Fundi alikuwa amekwisha simama. Hakucheka. Alisema majirani zake wasilaumiwe, wamefanya hivyo kwa mapenzi. Ni kweli anashona, na ni kweli wateja wanakuja. Akaeleza habari ya kibanda, ya ugonjwa, ya mama asiyeweza kuachwa. Alieleza bila kulia, na mimi ndiye niliyelia kwa niaba yake.

Mwenyekiti akamgeukia Bwana Kimya, akamuuliza kwa nini hasa cherehani ile inamsumbua mchana, wakati watu wengi wako kazini.

Hiyo ndiyo mara ya kwanza kuisikia sauti yake. Ilikuwa sauti ya chini, ya uchovu.

"Mimi ni mwokaji wa mikate, mheshimiwa. Naingia kwenye tanuri watu wakienda kulala, natoka mkate ukiwa umefika madukani. Chumba kile kidogo hakina jua, ndiyo maana kitanda changu kiko pale. Na cherehani yake iko juu ya kichwa changu. Sitaki afukuzwe. Nataka kulala."

Akaulizwa ni maduka gani. Akayataja, na la kona yetu likiwemo. Sote tulitazamana. Asubuhi ile ile nilikuwa nimekula mkate wake na chai, vipande vitatu, huku nikimsengenya kwa mume wangu. Na mkate wenyewe, sitaficha, ni mlaini kupita yote mtaani.

Akaulizwa kwa nini hakupanda kumweleza jirani yake kabla ya kuja barazani. Akasema alipanda. Alikuta mlango uko wazi na sebule imejaa wanawake wanaopimwa, mmoja akiwa na gauni nusu, akaona aibu akarudi mbio. Tangu hapo alichoweza ni kugonga. Na salamu zetu je, za kwenye ngazi? Hilo halikuulizwa, lakini mke wake baadaye aliniambia kwamba mume wake asubuhi anapanda ngazi amekwisha lala, ni miguu tu inayomleta. Nilimsamehe kidogo. Si salamu zote.

Mwenyekiti akasema mkataba uko wazi kwamba jengo ni la makazi, na tulichokifanya sisi wa bluu angeweza kukiita jina baya akitaka. Ila pia mtu akishona kwake bila kumnyima jirani usingizi, yeye binafsi haoni aliyeumizwa. Kwa hiyo hataamua kwa maneno. Atakuja kusikia kwa masikio yake.

Akaja kweli, pamoja na karani. Alizipanda ngazi hadi ghorofa ya tatu, akatangaza kwamba ngazi zile ni mbaya, nikampenda kuanzia hapo. Akaketi kwenye kitanda cha Bwana Kimya, mkoba magotini, akafunga macho. Karani akapelekwa juu kukanyaga cherehani, maana Fundi angeweza kukanyaga kwa huruma. Mimi nikasimamishwa kwenye ngazi katikati kupeleka habari. Kamanda, ambaye hakuwa amepangiwa chochote, akajipangia kutoa amri.

Cherehani ikiwa kwenye chumba kidogo, mwenyekiti alifungua macho mara moja. Alisema ni kama kuna mtu anatwanga ndani ya fuvu lake, akamwomba radhi Bwana Kimya kwa niaba ya serikali. Wanaume wanne wakaibeba hadi sebuleni, wakitoka jasho. Nikauliza kule chini, bado anasikia. Wakaisogeza dirishani. Bado. Chuma kile kilikuwa kinaongea na ukuta.

Karani akauliza kama hakuna chumba kingine. Kipo, kile kikubwa cha nyuma. Chini yake ni chumba cha mabinti, na mchana mabinti wako shuleni. Wanaume wakainama kuibeba cherehani. Fundi akakimbia akasimama mbele ya mlango, mikono ameitanua.

"Humu hapana. Mama yangu amelala humu, anahitaji utulivu. Afadhali niache kushona."

Nilimwelewa na nikamwonea huruma. Kumbe ndipo tulipofika: akiacha kushona hawezi kula, na akirudi sokoni mama hana mtu. Mwenyekiti naye alikuwa amepanda kuona kinachochelewesha, akasimama nyuma yetu. Wanaume wakaiweka cherehani chini.

Ndipo sauti ikatoka ndani, kali, kupitia mlango na pazia lake.

"Huo utulivu nani kauomba?"

Fundi akafungua. Mimi kwa miaka yote ile nilikuwa nimeingia chumbani mle mara chache sana, za kumjulia hali mgonjwa, kwa kunong'ona, kama watu wanavyofanya. Kilikuwa safi mno. Shuka zimenyooshwa, dawa zimepangwa, dirisha limefunikwa. Bibi alikuwa ameegemea mito yake, mkono mmoja mapajani, ule mwingine mzima umeshika ukingo wa kitanda.

"Mama, daktari alisema."

"Daktari alisema siku za mwanzo. Hajarudi tena, wewe umeendelea." Akatuangalia wote tuliojaa mlangoni, na mwenyekiti wa baraza, na karani, na cherehani. "Nasikia watu wanacheka kule, sijui wanacheka nini. Nasikia harusi zinatajwa, sijui za nani. Mimi utulivu nitaupata wa kutosha nikifa. Sasa hivi niko hai."

"Kwa nini hukuniambia, mama?"

Bibi, ambaye ulimi wake ulifukuza wasichana wa kazi wote, akajibu taratibu, kwa sauti ambayo sikujua kama anayo.

"Nilidhani hutaki wateja wako wanione nilivyo."

Fundi alipiga magoti pale kando ya kitanda, akaulaza uso kwenye mkono wa mama yake, akalia kwa sauti kama mtoto. Mwenyekiti akatushika mabega mmoja mmoja, akatutoa nje. Kamanda alikuwa anapenga kamasi kwa mkono wa shati la bluu.

Tulipoitwa tena, Bibi alikuwa amekwisha amua kila kitu. Pazia liondolewe. Cherehani ikae karibu na dirisha, hapana, siyo hapo, huku, aone mshono unavyokwenda. Karani akakanyaga kwa nguvu zake zote, nami nikashuka mbio kumuuliza Bwana Kimya, ambaye alikuwa ameachwa peke yake kule chini kusikiliza. Nilimkuta amelala fofofo, viatu miguuni, mdomo wazi. Nikapanda kutoa taarifa hiyo, na mwenyekiti akasema huo ni ushahidi unaomtosha.

Uamuzi ulisomwa barazani siku chache baadaye. Fundi aruhusiwe kushona, ndani ya chumba cha nyuma tu. Asitundike bango, na wateja wasipange foleni kwenye ngazi. Wakazi tukaonywa kwa maneno ambayo Kamanda hapendi yarudiwe, basi sitayarudia. Kesho yake mke wa Bwana Kimya alipanda na mkate wa moto, na Fundi akamshonea mumewe mapazia mazito ya chumba kidogo. Siku hizi nikimkuta kwenye ngazi simsalimii. Nampisha tu, aende akalale.

Juu kwa Fundi sasa pana fujo ya kupendeza. Anayekuja kupimwa lazima kwanza amsalimie Bibi, na Bibi humwambia bila kumung'unya maneno kama rangi ile inamfaa ama inamzeesha. Bibi harusi mmoja aliambiwa gauni ni zuri, ila aliyemchagua bwana harusi ndiye wa kupimwa macho, akacheka hadi mshono ukafumuka. Wateja wanakuja mapema kuliko siku waliyoambiwa, na kitambaa wamesahau nyumbani.

Juzi nilipita kuchukua sketi yangu, mlango ukiwa wazi. Fundi alikuwa ameinama chini ya meza anatafuta bobini ya uzi iliyoanguka, na cherehani imenyamaza. Bibi alikuwa amesinzia, au hivyo nilidhani.

"Umekwenda wapi?" akauliza, macho bado ameyafumba.

"Nipo, mama. Niko hapa chini."

"Basi shona," akasema Bibi, "nikusikie."